Frances Marion na mwaka 1930: sauti ilipoingia kwenye sinema, yeye ndo kwanza akawaka

Krismasi ya 1928, Los Angeles. Frances Marion ana miaka 40, ana watoto wawili wa kiume ambao bado wadogo kabisa, na siku hiyohiyo ya Krismasi mume wake anakata roho. Mume mwenyewe si mtu wa kawaida, ni Fred Thomson, staa mkubwa wa sinema za kauboi enzi hizo, yeye na farasi wake Silver King, wanaume wazima na watoto walikuwa wanapanga foleni kumwona. Kilichomuua ni msumari. Alikanyaga msumari bandani kwa farasi, akaanza kuumwa, madaktari wakadhani ni mawe kwenye figo, kumbe ni pepopunda, na walipokuja kugundua jua lilishazama.

Sasa huyu mjane kazi yake ni kuandika sinema, na sinema alizokuwa akiandika miaka yote ni sinema bubu, na wakati huo huo anaozika mume, sinema bubu nayo inazikwa. The Jazz Singer ilitoka Oktoba 1927, watu wakasikia Al Jolson anaimba kwenye skrini, na ndani ya miaka miwili hivi kila studio Hollywood ilikuwa inakimbizana kufunga mitambo ya sauti. Kwa hiyo hapo mbele yake kuna vitu viwili vimebomoka kwa mpigo, nyumba na fani. Ukiniuliza mimi, kwa hali ile angeacha kazi akalea wanae hakuna ambaye angemlaumu.

Hakuacha. Mwaka 1930 peke yake zilitoka sinema tatu zenye mkono wake ambazo zote zilitikisa, Anna Christie, The Big House na Min and Bill, na usiku wa tarehe 5 Novemba 1930 akawa mwanamke wa kwanza kupata Oscar ya uandishi. Ndo kisa ninachotaka tukichambue, kwa sababu kila mara naona watu wanakielezea vibaya, wanasema tu "alikuwa na kipaji" halafu wanapita. Kipaji alikuwa nacho ndiyo, lakini wenye kipaji walikuwa wengi na wengi sauti iliwafagia. Mimi naamini kilichomvusha ni kwamba alielewa mapema kitu ambacho wengine walichelewa kukielewa, kwamba sauti na maneno ni vitu viwili tofauti. Sinema ikipata mdomo haimaanishi iongee muda wote.

Nirudi nyuma kidogo ili tumjue. Alizaliwa San Francisco tarehe 18 Novemba 1888, jina lake la kuzaliwa ni Marion Benson Owens. Kabla ya sinema alikuwa mchoraji, alichora mabango na picha za matangazo, na hii naomba uikumbuke kwa sababu tutaihitaji mbele. Akaingia kwenye sinema kupitia Lois Weber, mwanamke aliyekuwa dairekta kipindi ambacho wanawake madairekta hawakuwa jambo la kushangaza sana Hollywood. Akawa rafiki wa damu na Mary Pickford, akamwandikia The Poor Little Rich Girl na Rebecca of Sunnybrook Farm mwaka 1917, na Stella Maris mwaka uliofuata, na Pickford ndo alikuwa mwanamke anayependwa kuliko wote kwenye skrini dunia nzima wakati ule. Miaka ya 20 akahamia kwenye kazi nzito zaidi, The Scarlet Letter ya 1926 na The Wind ya 1928, zote mbili na Lillian Gish. Malipo yake kwenye studio ya MGM yalikuja kufika dola 3,000 kwa wiki. Kwa wiki! Zama ambazo mfanyakazi wa kiwandani hizo alikuwa hazioni hata kwa mwaka mzima. Kwa hiyo tusije tukamchora kama mama maskini aliyeokotwa, hapana, alikuwa juu kabisa ya ngazi, na aliye juu ndo anaanguka vibaya.

Na ngazi ilikuwa inatikisika kweli. Mfano mmoja tu, Joseph Farnham. Huyu kazi yake ilikuwa kuandika yale maneno yanayotokea kwenye skrini katikati ya sinema bubu, na Mei 1929 kwenye sherehe ya kwanza kabisa ya Oscar akapewa tuzo ya uandishi huo. Tuzo hiyo ilitolewa mara hiyo moja halafu ikafutwa, kwa sababu kazi yenyewe ilikuwa inakufa. Yaani unapewa tuzo ya ufundi wako huku ufundi wako unachimbiwa kaburi. Studio nazo zikaanza kusomba waandishi wa maigizo kutoka Broadway, New York, wazo likiwa kwamba hawa ndo wanaojua mazungumzo, wale wa bubu walijua picha tu.

Matokeo yake ukiangalia sinema nyingi za 1929 utachoka. Kamera zilikuwa na kelele, kwa hiyo zikafungiwa kwenye viboksi visivyopitisha sauti, haziendi popote, maikrofoni zinafichwa kwenye vyombo vya maua, na waigizaji wamejikusanya pale penye ua wanaongea. Wanaongea. Wanaongea tena. Kamera ambayo mwaka mmoja tu nyuma ilikuwa inaruka na kuteleza kama maji, sasa imekaa kama mgonjwa. Na MGM, studio aliyokuwepo Marion, ilichelewa kuingia kwenye sauti kuliko wenzake, maana yake walikuwa na muda wa kuona makosa ya wengine, hilo nalo tulihesabu, bahati ina nafasi yake.

Tuanze na Anna Christie. MGM walikuwa na tatizo linaloitwa Greta Garbo. Huyu alikuwa dhahabu yao, ila ni Msweden, Kiingereza chake kina lafudhi nzito, na tayari kuna mastaa kutoka Ulaya waliokuwa wanaona milango inafungwa kwa sababu hiyohiyo. Ikachaguliwa igizo la Eugene O'Neill lililopata tuzo ya Pulitzer mwaka 1922, ambalo Anna mwenyewe ni binti wa kisweden, baba yake nahodha wa tishari New York. Kwa hiyo lafudhi ikaacha kuwa kasoro, ikawa ndo mhusika mwenyewe. Marion akapewa kazi ya kuligeuza kuwa sinema, Clarence Brown akaongoza, na tangazo lililobandikwa kila mahali lilikuwa na maneno mawili tu, Garbo anaongea.

Sasa weka akilini, dunia nzima imekuja kusikia sauti ya mtu mmoja. Mwandishi mwenye papara angemfungulia Garbo mdomo dakika ya kwanza. Sinema inaanza bila yeye. Tunaona baba yake Chris na Marthy, bibi mmoja mlevi anayeishi naye kwenye tishari, tunawasikia wanabishana, tunajua binti anakuja, hawajaonana miaka na miaka. Dakika zinakwenda, kama robo saa hivi. Ndipo mlango wa baa unafunguliwa, Garbo anaingia na sanduku lake, amechoka, mwili mzima unaonyesha amechoka, anaenda kukaa kwenye kiti, na hapo ndo anamwagiza mhudumu wiski na soda ya tangawizi pembeni, na anamwambia asibanie. Basi. Sauti nzito, ya chini, imechoka kama mabega yake. Ni oda ya kinywaji tu, hakuna hotuba, na kwa hiyo oda umeshamjua Anna ni nani, ametoka wapi na maisha yamemfanya nini. Sentensi yenyewe ilikuwa ya O'Neill, ila kujua kuisubiri na kuizungushia ukimya ndo kazi ya watu wa sinema, na Marion alikuwa na miaka 15 ya kufanya hivyo.

(Hapohapo wakatengeneza na toleo la Kijerumani, Garbo huyohuyo, dairekta mwingine, Jacques Feyder, kwa sababu kutafsiri sauti juu ya picha kulikuwa bado kugumu. Na aliyekuwa Marthy kwenye toleo la Kijerumani ni Salka Viertel, ambaye baadaye akaja kuwa mwandishi wa sinema yeye mwenyewe, akashiriki kuandika Queen Christina kwa ajili ya Garbo. Huwa napenda sana kuona nyuzi za namna hii, mwanamke mmoja anaandika, mwingine anaigiza, kesho yake wa pili naye anashika kalamu.)

Lakini kwenye Anna Christie kuna hadithi nyingine ndani yake ambayo mimi naiona kubwa kuliko Garbo, nayo ni Marthy wa toleo la Kiingereza, Marie Dressler. Dressler alikuwa staa mkubwa wa jukwaani, mwaka 1914 alikuwa kwenye Tillie's Punctured Romance pamoja na Chaplin, kisha mwaka 1919 akasimama mstari wa mbele kwenye mgomo wa waigizaji wa New York, na baada ya hapo kazi zikaanza kukauka taratibu mpaka kufikia katikati ya miaka ya 20 alikuwa mwanamke wa miaka karibu 60, mnene, hana uzuri ule wa kwenye mabango, simu haiiti. Marion alimjua tangu yeye mwenyewe akiwa kijana San Francisco, Dressler aliwahi kumtendea wema, na wema haukuoza. Mwaka 1927 akamwandikia The Callahans and the Murphys ili arudi, sinema ikaja kuondolewa kwenye kumbi baada ya Wamarekani wenye asili ya Ireland kuja juu wakisema imewadhalilisha. Mtu mwingine angesema nimejaribu, imeshindikana. Marion akasubiri nafasi nyingine, ikaja hii ya Marthy, akaisukuma kwa Irving Thalberg, mkuu wa uzalishaji MGM, mpaka akakubali.

Na Dressler akaibeba. Ile scene ya baa, Garbo na Dressler wamekaa meza moja, binti hajui kwamba anaongea na mwanamke anayeishi na baba yake, bibi ndo anaanza kutambua huyu ni nani, halafu angalia uso wa Dressler unavyobadilika pole pole, aibu, huruma, na kile kitu cha kusema hapa sina changu tena inabidi niwapishe. Haongei sana. Anakunywa, anaangalia. Sinema iliyotangazwa kwa jina la Garbo, watu walitoka ukumbini wanaulizana yule bibi ni nani. Miaka miwili baadaye, 1932 na tena 1933, Dressler alikuwa namba moja kwa kuuza tiketi Marekani nzima, mwanamke wa miaka 60 na kitu, akiwapita vijana wote warembo.

Sasa tuje kwenye The Big House, na hapa nitakaa.

Mwaka 1929 magereza ya Marekani yaliwaka moto. Auburn kule New York wafungwa waligoma na kufanya vurugu Julai na tena Desemba, Colorado nako Oktoba kulitokea mauaji ndani ya gereza. Sababu iliyokuwa inarudi ni ileile, msongamano, watu wamebanwa kwenye selo kama dagaa. MGM wakataka sinema ya gerezani. Na mtu aliyepewa kuiandika ni Frances Marion, ambaye jina lake lilikuwa limeambatana na watoto wa Mary Pickford wenye nywele za mawimbi.

Alichofanya ni kwenda gerezani. Alienda San Quentin, lile gereza maarufu karibu na San Francisco mji wake wa nyumbani, akaangalia, akawasikiliza wafungwa na askari, akaandika. Mwaka 1930 mwanamke tajiri kutoka Hollywood hakuwa na ulazima wowote wa kwenda kule, angeweza kukaa ofisini akatunga, wanaume wangapi walitunga. Alienda, na unaona kwenye sinema kwamba alienda, kwa sababu vitu vilivyomo si vya kubuni ukiwa kwenye kiti cha ngozi.

Kisa chenyewe, kijana Kent, mtoto wa watu wenye uwezo, aliendesha gari amelewa akaua mtu, amehukumiwa miaka kumi. Anaingizwa kwenye selo moja na watu wawili, Morgan ambaye ni mwizi mwenye akili, na Butch, muuaji, jitu zima lenye roho ya kitoto. Mwanzoni kabisa tunaona Kent anavyopokelewa, wanamvua saa, pesa, vitu vyake, nguo zake, mwisho wanamvua na jina wanampa namba. Hakuna mtu anayelia wala kutoa hotuba ya mfumo mbovu. Karani anauliza, Kent anajibu, karani anaandika. Ubaridi wa ile sauti ya karani ndo hotuba.

Halafu bwalo. Mamia ya wafungwa wanaingia kwa mstari, unasikia miguu, ile miguu mimi nimeirudia kuisikiliza mara nyingi, ni kama mashine. Wanakaa. Chakula kibovu. Butch analianzisha, bwalo zima linalipuka kwa kelele, na kumbuka watazamaji wa 1930 hawakuwahi kusikia kitu kama hicho kutoka kwenye skrini, kelele za mamia ya watu zinazogeuka kuwa mnyama mmoja. Kisha kimya. Na kwenye kile kimya, chini ya meza, kisu kinapita mkono kwa mkono. Hapo ni yule mchoraji wa mabango anafanya kazi. Juu ya meza nyuso zimetulia kama kanisani, chini mikono inafanya yake. Kisu kinaishia kwa Kent, na Kent kwa woga wake anakificha kwenye vitu vya Morgan, Morgan ambaye alikuwa amebakiza siku tu aachiwe. Kitendo kimoja cha mtu muoga, kisicho na neno hata moja, ndo kinachoendesha sinema nzima mpaka mwisho.

Na kuna ile korido. Wafungwa wamepelekwa kwenye selo za adhabu, mtu mmoja mmoja gizani. Kamera inasimama kwenye korido, milango ya chuma, humwoni mtu yeyote. Unasikia sauti tu kutoka nyuma ya milango. Wanaitana, wanalalamika, na korido ipo palepale haisogei. Sifa zote za hapa siwezi kumpa Marion peke yake, dairekta George Hill yupo, Douglas Shearer mkuu wa sauti yupo, lakini jaribu kufikiria hiyo scene kwenye sinema bubu, haiwezekani kabisa, na jaribu kuifikiria kwenye sinema za maongezi za 1929, wangemwonyesha mtu ndani ya selo anatueleza jinsi anavyojisikia. Nilipoanza kuandika tamthilia prodyuza mmoja alinirudishia skripti akisema scene fulani haina maneno, watazamaji wataboreka, nikaenda nikaijaza maneno na mpaka leo nikiiona inaniuma. Kwa hiyo hiyo korido kwangu mimi si historia tu.

The Big House haikupita hivihivi bila kuguswa. Kwenye hadithi ya awali Morgan akitoroka anampenda mke wa Kent. Wakaionyesha kwa majaribio, watazamaji wakakataa, mke wa mtu yuko jela halafu mwenzie wa selo anamchukua, hapana. Thalberg akaamuru scene zirudiwe, yule mwanamke aliyeigizwa na Leila Hyams akageuzwa kuwa dada yake Kent. Ukiijua hii ukaangalia sinema tena unaona bado kuna kitu kwenye macho yao hakiendani na udada. Hiyo ilikuwa kawaida ya Thalberg, kupima sinema kwa watu na kurudi kurekebisha, na Marion alikuwa anaweza kufanya kazi hivyo bila kununa. Mazungumzo ya ziada waliongeza Martin Flavin na yule Joseph Farnham wa tuzo iliyofutwa, kumbe naye alipata pa kujishikiza.

Kwa soko la nje wakatengeneza matoleo mengine ya lugha, Kijerumani, Kifaransa, Kihispania, waigizaji wapya kabisa wakisimama kwenye selo zilezile, wa Kifaransa akiwa Charles Boyer. Maana yake mifupa ya hadithi yake ilisimama hata maneno yote yalipobadilishwa.

Usiku wa tuzo The Big House ilipata mbili. Ya uandishi kwa Marion, na ya sauti kwa Douglas Shearer, na hiyo ya sauti ndo ilikuwa inatolewa kwa mara ya kwanza. Na usiku huohuo dada yake Douglas, Norma Shearer, akachukua ya mwigizaji bora wa kike. Lakini mimi macho yangu yako kwenye hizo mbili za sinema moja. Tuzo ya kwanza ya sauti katika historia imekwenda kwenye skripti ya mwanamke aliyetoka kwenye sinema bubu. Wale wa Broadway walioletwa kuja kufundisha watu kuongea walikuwepo.

Min and Bill ilitoka mwishoni mwa mwaka huohuo na chanzo chake kinaonyesha Marion alivyokuwa kama mtu. Mwandishi mwenzake pale studio, Lorna Moon, mwanamke kutoka Scotland, alikuwa anaumwa kifua kikuu na hela za matibabu hana. Alikuwa na riwaya, Dark Star. Marion akaenda kwa Thalberg akaiuza riwaya hiyo kama hadithi ya kuchekesha inayomfaa Dressler na Wallace Beery, riwaya yenyewe wala haifanani na hilo, ila hela zikatoka zikaenda kwa mgonjwa. Kisha akaketi akaandika sinema nyingine kabisa. Lorna Moon alifariki Mei 1930, hakuiona. Dressler akapata Oscar kwa hiyo Min and Bill.

The Champ ya 1931 naipitia haraka, si kwa sababu ni ndogo, ila nimeshasema nililotaka kusema. Bondia mlevi aliyekwisha, Wallace Beery, na mtoto wake Dink, Jackie Cooper, kule Tijuana mpakani, mtoto ndo anamlea baba. Oscar ya pili, hadithi bora, Novemba 1932, akawa mwandishi wa kwanza wa jinsia yoyote kuwa na mbili. Kuna mtoto wa kiume analia baba yake amekufa mwishoni mwa sinema hiyo na kuna mwandishi nyumbani ana watoto wawili wa kiume wasio na baba. Mimi nimeweka hayo mawili karibu, utaamua mwenyewe. Alijaribu kuolewa tena, na George Hill yule wa The Big House, mwaka 1930, ndoa haikudumu, na Hill alijiua mwaka 1934.

Sasa kwa nini haya yote hayakuendelea? Hapa ndo wengi wanakosea wakisema sauti iliwaondoa wanawake. Kwa Marion sauti ilimpandisha. Kilichomsukuma nje kilikuja baadaye na kilikaa kwenye meza za maofisi. Machi 1933 mabenki yamefungwa, studio zikakata mishahara kwa nusu, na waandishi wakajiunga upya kwenye chama chao, Screen Writers Guild. Marion, mwenye mshahara mnono, rafiki wa mabosi, akakubali kuchaguliwa makamu wa rais wa chama. Hakuwa na shida binafsi ya kutafuta hiyo vita, vijana wenye mishahara ya kubangaiza ndo walikuwa nayo. Mabosi walichukia, na ilichukua miaka mpaka chama kitambuliwe.

Septemba 1936 Thalberg akafa, ana miaka 37. Kuna watu wanasema unaona sasa, alikuwa analindwa na Thalberg, kilichobaki ni kushuka. Nakubali nusu. Ni kweli alihitaji bosi mwenye kusikiliza, ila Thalberg hakumfanyia huruma, alimhitaji, yeye ndo alikuwa anamkimbilia hadithi zikikwama. Baada yake mfumo wa maprodyuza wengi ukashika kabisa, skripti moja inapita kwa waandishi watano, sita, kila mmoja anafuta ya mwenzake, hakuna tena anayekaa karibu na seti kulinda alichoandika. Marion aliifananisha na kuandika kwenye mchanga huku upepo unavuma. Alitoa kitabu cha kufundisha uandishi wa sinema mwaka 1937, Green Hell ya 1940 ilianguka vibaya, na 1946 akaondoka Hollywood moja kwa moja, akageukia uchongaji na uchoraji, alikoanzia. Kitabu cha maisha yake kilitoka 1972, akafariki tarehe 12 Mei 1973.

Ukitaka kumwona kazini usianze na zile za Oscar zake, anza na Min and Bill, tena dakika za mwisho. Min ni mama wa gesti ya bandarini, amemlea binti wa watu tangu mchanga, binti amepata mume wa maana, na mama mzazi, changudoa aliyemtelekeza, amerudi akitaka kumnyonya. Min amempiga risasi. Sasa amesimama gatini kwenye umati, shati limechakaa, usoni ana alama ya kuchomwa aliyoipata kwenye ule ugomvi, anachungulia tu kwa mbali, binti anapanda boti na mume wake, anacheka, hajui chochote, wala hajamwona. Boti inaondoka. Askari wanakuja wanamshika Min mkono. Yeye bado anaangalia majini, haongei kitu, na usoni pale, na lile jeraha, anatabasamu.